Amboni na mama mwenye magoti mabovu: jibu kwa dada wa Mbagala

Dada mmoja wa Mbagala ameniuliza hivi, nafupisha maana ujumbe ulikuwa mrefu: "Kaka, tunataka kwenda mapango ya Amboni Tanga likizo hii, mimi, mume wangu, watoto wawili wa miaka 7 na 10, na mama yangu ana miaka 66 magoti yanamsumbua. Mkubwa ana pumu. Mume wangu hata lifti hapandi anaogopa, ila hataki nimwambie mtu (samahani nimeshakwambia). Shemeji yangu anasema tusipoteze hela kwa muongozaji, simu zina tochi. Je tunaweza kwenda na kurudi siku moja? Ni salama? Na ni kweli lile pango linatokea Mombasa?"

Dada, kwanza mama mfikishie shikamoo yangu. Pili, siri ya mume wako nimeiweka hapa mbele ya watu lakini jina sijataja, kwa hiyo tupo sawa.

Nianze na kwenda na kurudi siku moja kutoka Dar, hilo futa. Dar mpaka Tanga kwa njia ya Chalinze na Segera ni kama kilomita 350, basi masaa sita au zaidi ikitegemea na malori na matochi ya trafiki barabarani, ukifika saa saba mchana umechoka, mama miguu imevimba, watoto wana njaa, afu ndo unawaingiza kwenye shimo lenye utelezi? Mimi nimeongoza wageni mapangoni miaka mingi na nilisomea mambo ya miamba kabla ya hapo, na nikiangalia nyuma karibu kila mtu niliyemuona ameumia pangoni aliumia kwa haraka. Pango lile halina simba, halina shimo la kumeza mtu njiani ukifuata njia, ila lina dari za chini, mawe yaliyosuguliwa na nyayo mpaka yakawa kama sabuni, na mtu anayewahi basi. Huyo wa kuwahi basi ndo anagonga kichwa. Kwa hiyo njooni jana yake, laleni Tanga mjini, asubuhi saa mbili au tatu muwe getini, saa sita mmetoka mnatafuta chakula. Hapo ndo siku moja inakuwa siku moja kweli. Najua watani watakwambia Tanga waja leo waondoka leo, we wapuuze, lala hata siku mbili.

Kutoka mjini ni karibu sana, kama kilomita 8 hivi kwa barabara ya Horohoro, ile inayoenda mpakani na Kenya, kisha mnachepuka kuelekea Kiomoni kwa barabara ya vumbi. Daladala zinapita barabara kubwa lakini kile kipande cha ndani na mama mwenye magoti usikifanye kwa mguu, kodini bajaji moja au taksi iwasubiri, mpatane bei kabisa kabla hamjapanda na mpatane ya kwenda NA kurudi NA kusubiri, maana ukishafika kule ndani uwezo wa kubishana bei unakuwa umeuacha mjini.

Sasa muongozaji. Shemeji yako mwambie hivi: kwanza sio swala la kuchagua, pale ni hifadhi ya mambo ya kale, siku hizi ipo chini ya Mamlaka ya Ngorongoro, unalipa kiingilio na unaingia na mtu wa pale. Lakini hata ingekuwa hiari ningekwambia lipa. (Neno la Kiingereza la muongozaji vijana wetu wanalitamka "gaidi", siku moja nilimsikia kijana akimwambia bibi mmoja "msubirini gaidi wenu anakuja", bibi akageuza kanga na safari yake ikaishia pale. Tangu hapo mimi nasema muongozaji tu.)

Mtu wa pale anajua vitu ambavyo hata mimi na vyeti vyangu sivijui, anajua jiwe gani limelegea baada ya mvua ya juzi, anajua kona ipi popo wamehamia, anajua pa kumsimamisha mzee apumzike pana hewa. Tochi ya simu haina shida ya mwanga, shida ni mkono. Ukishika simu umebaki na mkono mmoja, na pangoni mikono miwili ni miguu ya tatu na ya nne. Kuna sehemu unainama mpaka kifua kinakaribia goti, kuna sehemu unapita ubavu ubavu, sasa huku umeshika simu ya laki tano kwa vidole viwili, ikidondoka kwenye ufa hiyo ni sadaka. Nunueni zile taa za kuvaa kichwani, zipo madukani Kariakoo bei ya kawaida tu, moja kwa kila mtu, jaribuni nyumbani usiku mmezima umeme muone zinawaka muda gani. Wapenzi wa mapango duniani wana kanuni ya taa tatu kwa kila kichwa, kwa matembezi ya saa moja ya Amboni sikulazimishi tatu, ila moja kichwani na simu mfukoni kama akiba, hapo sitaki mjadala.

Hii nailazimisha kwa sababu yalishanikuta. Miaka hiyo bado kijana, pango sio la Amboni, niliingia na watu sita na tochi mbili nikijiona mzoefu. Ya kwanza ikazima, nikasema hamna shida. Ya pili ikaanza kuwa njano, halafu nyekundu kama kijinga cha mkaa, halafu basi. Giza la pangoni dada sio kama giza la umeme kukatika Mbagala. Mbagala umeme ukikatika baada ya dakika unaanza kuona dirisha, unaona kitu cheupe, kule unaleta kiganja puani na hamna kitu, macho yanatafuta mpaka yanaanza kujitengenezea rangi yenyewe. Nikawaambia wote kaeni chini, shikaneni, msisogee. Tukasikia tone la maji, tii, kimya, tii. Mama mmoja akaanza kusoma dua kwa sauti ndogo na wengine wakaitikia, hata wale wasio wa dini yake. Tulikaa dakika kama arobaini mpaka kundi lingine lilipopita na taa. Hakuna aliyeumia, lakini hela yao niliwarudishia na bado naona aibu nikikumbuka.

Kwa mume wako hicho kisa usimsomee.

Lakini yeye kuna namna ya kumsaidia, na wala sio ya kumtania wala kumwambia "we mwanaume bana". Mtu anayeogopa nafasi ndogo, anachoogopa hasa ni kutokuwa na njia ya kutoka, ndo maana lifti inamshinda, mlango ukifunga mamlaka sio yake. Kwa hiyo mpeni mamlaka. Mwambie muongozaji mapema, pembeni, kwamba kuna mtu wetu mmoja anaweza kutaka kutoka wakati wowote na hatutaki maswali. Atembee nyuma ya muongozaji kabisa, asiwekwe katikati wala mwisho, aone mbele yake kuna nini. Vyumba vya mwanzo vya Amboni ni vikubwa, dari ipo juu, na mwanga wa nje unaingia bado, pale watu wengi wenye hofu wanakuwa sawa kabisa. Kabla ya kuingia kwenye sehemu za kubana aulize: inabana kwa hatua ngapi na baada ya hapo kuna nini? Mtu akiambiwa "hatua kumi kisha chumba kikubwa" anazihesabu na anavuka. Akiambiwa "twende tu hamna shida" anafia pale pale. Na asipotaka kuvuka asivuke, anabaki na mama.

Maana mama, dada, simuoni akimaliza mzunguko wote na sitaki nikudanganye. Kuna ngazi, kuna kupanda na kushuka, kuna kuinama muda mrefu, na goti bovu adui yake mkubwa ni ile kushuka huku umeinama. Ila kutomaliza sio kutoingia. Vyumba vile vya mwanzo ndo vizuri zaidi kwa macho, mimi binafsi hata nikienda peke yangu pale ndo nakaa muda mrefu. Mpeni fimbo yenye mpira chini, raba zenye meno sio ndala wala zile raba zilizolambwa soli, na mtu mmoja wa kubaki naye. Kama mume ndo atabaki naye basi umetatua mawili kwa mpigo mmoja na hakuna aliyeona aibu, yeye "alibaki kumuangalia mama mkwe", mpaka baraka atapata.

Mwenye pumu: pampu yake iwe mfukoni mwake au mwako, isiachwe kwenye gari. Pangoni hewa ni ya joto na unyevu, watu wanadhani pango ni baridi wanavaa masweta, hayo ni mapango ya Ulaya. Pango linachukua joto la wastani wa mwaka la eneo lake, na Tanga wastani wake unaujua, kwa hiyo utatoka jasho, miwani itashika ukungu. Harufu ya kinyesi cha popo ni kali, inakera kifua, na ule unga unga wake mkavu ukitimuliwa sio mzuri kwa mtu yeyote, una vimelea vya fangasi vinavyoweza kushambulia mapafu. Kwa hiyo barakoa kwa mtoto, zile za enzi za korona kama zimebaki, asikimbie asitimue vumbi, na kama wiki hiyo kifua kimekuwa kikimsumbua abaki vyumba vya mbele na bibi yake. Daktari wake muulize pia, yeye ndo anakijua kifua cha mtoto, mimi najua mawe.

Nikae hapo hapo kwa popo maana hili watu wanalichukulia kama mzaha. Amboni popo ni wengi mno. Mchana wananing'inia, mnasikia vile visauti vyao vyembamba, jioni wanatoka kama moshi. Ukitazama juu funga mdomo, hii sio utani. Msiwashike, msiwarushie mawe, mtoto asiokote aliyedondoka hata kama anatia huruma. Kenya kule Mlima Elgon, pango la Kitum, kuna watu wawili waliougua Marburg, ule ugonjwa hatari wa virusi vinavyobebwa na popo, mmoja 1980 mwingine 1987, wote walikuwa wametembelea lile pango, na 2008 mtalii mwanamke wa Uholanzi alifariki baada ya kutoka kwenye pango lenye popo na chatu Uganda, msitu wa Maramagambo. Na sisi wenyewe Kagera tulitangaziwa mlipuko 2023 na tena 2025. Sikutishi usiende, mimi nimeingia mara nyingi kuliko nilivyokwenda saluni, nakwambia tu kwamba mikono inanawa kwa sabuni kabla ya kugusa karanga au maandazi, na ndani ya pango hakuliwi kitu. Watoto wana tabia ya kugusa ukuta afu kunyonya kidole. Yule wa miaka 7 mtazame.

Sasa tuje kwenye raha, maana nimekuwa kama bwana afya.

Yale mawe ni mawe ya chokaa, yalikuwa chini ya bahari wakati wa enzi za dinosaria, mijusi wakubwa wale ambao mifupa yao ilichimbwa Tendaguru kule Lindi, zaidi ya miaka milioni 150 nyuma. Magamba, matumbawe na tope la bahari vikarundikana vikabanwa vikawa jiwe, na jiwe hilo hilo kule Pongwe linasagwa kuwa saruji, kwa hiyo inawezekana kabisa nyumba yako ya Mbagala imejengwa na binamu wa pango. Mvua ikinyesha inachukua hewa ukaa, ile ile inayotoa mapovu kwenye soda, na ikipita kwenye udongo wenye majani yaliyooza inachukua nyingi zaidi, maji yanakuwa na ukali kidogo sana, ulimi haujui lakini jiwe la chokaa linajua. Linalika. Ufa unapanuka unakuwa mfereji, mfereji unakuwa chumba, inachukua muda ambao akili yetu haina pa kuuweka. Halafu maji yale yale yaliyobeba chokaa yakidondoka kutoka darini ndani ya chumba chenye hewa, ile hewa ukaa inatoka na chokaa inabaki. Umewahi kuona ule ukoko mweupe ndani ya birika la maji ya kisima? Ndo huo huo. Tone kwa tone unaning'inia kutoka juu, hiyo inaitwa stalaktiti, na chini linapodondokea inaota stalagmiti, zikikutana zinakuwa nguzo.

Kwa makadirio ya kawaida zinakua kama sehemu ya kumi ya milimita kwa mwaka, kuna za haraka na za uvivu. Chukua kidole chako cha kati, weka sentimita 7, hapo una miaka 700, yaani ilishaanza kuning'inia kabla Vasco da Gama hajafika Mombasa 1498. Afu anakuja kijana na kundi lake la sendoff anaikata aweke sebuleni! Au anaichora jina. Mtayaona majina ukutani, ya zamani na ya sasa, mengine ya Wazungu wa enzi za mkonge, na nakuomba kwa niaba ya watoto wenu msiongeze. Hata kushika tu, mafuta ya kiganja yanaziba pale maji yanapopita, jiwe linakuwa jeusi linaacha kukua. Mkisikia muongozaji anasema ukigonga hili linalia kama ngoma, mwambieni kwa adabu tumeamini.

Maumbo ndo atawaonyesha mengi, tembo, mamba, sofa, meli, ramani ya Afrika, kuna wanaomuona Bikira Maria na kuna wanaoiona sanamu ya uhuru ya Marekani. Watoto wanapenda sana hapo. Mimi nina tatizo moja na maumbo, mtu akishaambiwa "huyu mamba" anaona mamba anapiga picha anaondoka, jiwe lenyewe hajalitazama. Mwombeni dakika mbili za ziada kila chumba. Na mkiwa kwenye chumba kizuri wote mmekaa chini, mwombeni mzime taa zote dakika moja kwa makusudi (mume akiwa nje na mama, tafadhali). Waambie watoto wasikilize tone.

Kuhusu Mombasa. Simulizi utaipewa kamili, njia moja inatokea Mombasa, nyingine Kilimanjaro, na kuna ile ya Wazungu waliopotea humo na mbwa wao akaja kuonekana kule Kilimanjaro. Wacha muongozaji aisimulie yote, usimkatize na jibu langu, maana anaisimulia vizuri kuliko mimi. Ila umeniuliza mimi, basi: hapana. Mwaka 1994 wapima mapango wa Kijerumani na Kituruki waliyapima, wakahesabu mapango kumi tofauti na hamna hata moja lililokwenda zaidi ya mita 900 kutoka mlangoni. Na hata bila kupima, mwamba wenyewe unakataa. Maji yanachimba pango pale kwenye jiwe linaloyeyuka. Ukitoka Tanga kuelekea Kilimanjaro chokaa inaisha mapema tu, unakutana na mawe ya Usambara, magumu ya zamani mno yaliyopikwa ndani ya dunia, hayo maji ya mvua hayawezi kuyafanyia hivyo, na Kilimanjaro yenyewe ni volkano. Upande wa Mombasa ni pwani yote, ukishuka kidogo tu unakutana na maji ya chini ya ardhi yaliyo usawa wa bahari, kwa hiyo hata njia ingekuwepo mngeipita kwa kupiga mbizi. Mbwa mimi nafikiri alitokea tundu la nyuma, mapango yale yana matundu mengi juu, akaenda zake kijijini akapata bwana mwenye nyama zaidi.

Utasikia pia habari za Osale Otango na mwenzake Paulo Hamisi waliojificha humo miaka ya 1950. Serikali ya mkoloni iliwaita majambazi, mitaani kuna wanaosema walikuwa wanachukua kwa wenye nacho na kuwagawia wasio nacho. Muulize muongozaji wako yeye anaamini lipi, afu msikilizeni, kila mmoja ana toleo lake alilopewa na babu yake na hapo ndo utamu. Na kabla hujaniuliza tena la usalama, ni kweli Februari 2015 askari walipambana na watu wenye silaha maeneo ya Amboni na habari zilisambaa. Tangu hapo nimepita pale mara kibao na familia. Pale pa kutembelea pana geti na watu wa hifadhi, usijitafutie matundu mengine porini na kijana wa bodaboda aliyekwambia anajua njia ya bure, hapo ndo sikushauri.

Kitu kimoja ambacho wageni wa Dar wanakikosea: kuna sehemu ya mzimu. Mtakuta kaniki, kitambaa chekundu, chupa za marashi, ubani, sarafu. Watu wanakwenda pale kuomba, mwingine anatafuta mtoto, mwingine kazi, mwingine ugonjwa umegoma. Imani yako iwe ya msikiti au ya kanisa, ile sio maonyesho. Msicheke, msiguse sarafu, picha muulize kwanza. Niliwahi kuwa na mgeni mmoja aliokota sarafu "kwa ukumbusho", muongozaji hakusema neno, akasimama tu pale na taa yake mpaka jamaa akairudisha. Na kama mtakuta mtu ameketi anaomba, piteni mbali kidogo kama vile mngepita mtu anayeswali.

Historia ya kiserikali nitaipita haraka, eneo lilikuwa la kampuni ya mkonge ya Amboni tangu mwisho wa karne ya 19, wakoloni Waingereza wakalifanya la kuhifadhiwa 1937, na 1963 likaingia mikononi mwa idara yetu ya mambo ya kale. Kibao kipo, watoto wasome wenyewe.

Msimu: epuka masika, Machi mpaka Mei. Mto Mkulumuzi unapita pale chini na ukijaa unajaa kweli, njia zinateleza, barabara ya vumbi inakuwa uji. Juni mpaka Septemba ndo nzuri, au Januari na Februari kama mnaweza kuvumilia joto. Likizo ya Desemba inakuwa bahati nasibu, vuli inaweza ikawa imebaki, muulize mtu wa Tanga siku mbili kabla kama kumenyesha. Mto usiogelewe hata kama watoto wa pale mnawaona wanaogelea. Mkitoka pangoni kaeni chini ya miti pale, tulieni, tumbili wapo na ukiwa na bahati unaona mbega wale weusi wenye manyoya meupe mabegani, mama atafurahi zaidi hapo kuliko ndani.

Mkiwa bado na nguvu kuna maji moto ya Galanos, sio mbali, ni chemchemi ya salfa iliyobeba jina la Mgiriki mwenye mashamba ya mkonge. Inanuka mayai viza, watoto watalalamika njia nzima. Watu wanaoga kwa ajili ya ngozi na maungo, mama akitaka kuweka magoti humo baada ya safari ya pangoni sioni ubaya, ila apime joto kwa mkono kwanza na kama ana presha asikae muda. Mkichoka achaneni nayo, nendeni Raskazone watoto waoge bahari.

Malipo: raia na mgeni wa nje bei ni tofauti na watoto wana yao, bebeni vitambulisho, na malipo ya serikali siku hizi ni kwa namba ya malipo kwenye simu, kwa hiyo wekeni hela kwenye simu kabla hamjatoka mjini, na noti ndogo ndogo kidogo kwa ajili ya bahashishi ya muongozaji. Mpe. Mkimaliza, muulizeni jina lake mlishike, likizo ijayo mtampigia yeye na sio mimi.

Mpangilio wa kutembea: muongozaji, mume (mpaka anapoishia), mtoto mdogo, wewe, mkubwa, shemeji mwisho kama anakuja, maana huyo anayejua kila kitu ndo anafaa kufunga msafara. Kila mkivuka sehemu ya kubana mnajihesabu kwa sauti, moja, mbili, tatu, watoto wanaona ni mchezo kumbe ni kazi. Kofia za baiskeli kama mnazo zileteni za watoto, mnaweza kuchekwa getini, na mkifika kwenye dari ya kwanza ya chini mtasikia "ko!" na mtajua nani anacheka. Suruali ndefu, magoti yafunikwe, nguo ambazo hutolia zikichafuka. Dera usivae, nimeshamfungua mtu dera lililonasa kwenye jiwe na hakuna aliyefurahi, si mimi si yeye. Nguo za kubadilisha ziachwe kwenye gari, na kwa vile mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku tangu Juni 2019 njooni na kiroba kikubwa cha kuwekea raba zenye matope, zinanuka popo mpaka Chalinze.